Kwa Mama Mkanda, Mwandishi wa Vitabu vya Topolojia

Ni mwaka mmoja sasa tangu ulipotutoka, Mama, na bado tunaanza kusema "Ngoja nimuulize Mama" kabla hatujakumbuka kwamba haupo.

Ulifundisha hisabati chuoni, ukaandika kuhusu topolojia, elimu ya yale yasiyobadilika katika umbo hata ukilivuta na kulipinda. Baba, fundi cherehani, hakuacha kulalamika: "Nani kachukua mkanda wa gauni la mteja?" Ulikuwa wewe. Umeshausokota nusu mzunguko, umeziunganisha ncha ubaki na upande mmoja tu, umeupeleka darasani. Ndipo wanafunzi wakakuita Mama Mkanda.

Ulikuwa mpole kwa asiyeelewa. "Usijali," ulimwambia, "hata mimi nilikaa na hili mpaka chai ikapoa." Aliyejifanya ameelewa ndiye aliyekiona cha moto.

Hospitalini, muuguzi alipokufunga bendeji, ulimwambia, "Binti yangu, umeisokota hii. Ukiunga ncha, itabaki na upande mmoja tu."

Akacheka. "Mama, pona kwanza, utanifundisha baadaye."

Jioni ile ile ulifariki.

Hatukulia mazishini. Watu walisema tumejikaza. Hatukujikaza, hatukuhisi kitu. Tulipokea pole, tukaosha vikombe, tukakunja viti.

Kisha wachapaji wakaleta sanduku: nakala za kitabu chako cha pili, kile cha mafundo ya nyuzi, ulichokimalizia kitandani. Baba aliliweka kwenye meza ya chakula. Hakuna aliyelifungua. Tulikula pembeni yake miezi mingi, kana kwamba ni mgeni tusiyejua la kumwambia.

Mwezi uliopita mwanafunzi wako wa zamani, sasa mhadhiri, alikuja kuomba nakala za darasa lake. Baba akalikata sanduku kwa mkasi wake wa nguo, ule ambao ole wako uukatie karatasi. Akampa zote, akabaki na moja. Akavaa miwani, akaanza kusoma kwa sauti.

"Baba, kwani unaelewa?" kifungua mimba wako akamuuliza.

"Hata kidogo. Lakini ndivyo anavyoongea. Kaeni."

Tukakaa. Machozi hayakuja, hata sasa hayajaja. Ila hakuna aliyeinuka mpaka sura ilipokwisha.

Unakumbukwa na mumeo, wanao watatu, mkweo, dada yako mkunga, wajukuu zako na wanafunzi wako wote.

Tutakukumbuka, Mama, siku zote za maisha yetu.