Pale Santuri Iliporuka

Kampala, Jumapili, mvua tangu alfajiri. Huu ni mwaka wa ishirini na sita tangu nitoke Kisangani.

Mpendwa yaya, kaka yangu mkubwa,

Binti yako Mado alinipigia simu jana. Wamekuzika. Matanga yako yanaendelea uani kwako, mtaani Mangobo, na wananingoja mimi, mdogo wako wa pekee, nije kuyafunga na kushika nafasi yako katika familia. Nilimwambia nitafikiri. Kisha nikachemsha chai.

Ninachokumbuka ni ile santuri ya Wamarekani weusi, tuliyoipata kwa baharia wa meli ya Kinshasa. Ilikuwa na mkwaruzo. Katikati ya ubeti wa pili sindano iliruka, mwimbaji akadakia neno jingine kabla ya kumaliza la kwanza. Kiingereza hatukujua. Tuliukariri wimbo kwa masikio, wewe gitaa, mimi sauti, pamoja na ule mruko.

"Bon, petit," uliniambia mimi mdogo wako, "batu ya Amerika banavuta pumzi vile. Weye fwata tu."

"Mutu anavuta pumzi katikati ya neno?"

"Iko na mapenzi mingi. Utajua siku utapata bibi."

Nikafuata. Baa nzima tuliyokuwa tukipiga muziki ikafuata: waliokumbatiana wakicheza walirusha mguu mahali palepale, na bendi za ng'ambo ya mto, Lubunga, zikatuiga. Tuliamini ndivyo Amerika inavyocheza.

Juzi nilikuwa kwa kinyozi, redio ikaupiga wimbo ule. Ulipokaribia mahali petu, mguu wangu ulijirusha wenyewe. Mwimbaji hakuruka. Alisema maneno matatu manne ambayo sijawahi kuyasikia, akaendelea bila haraka.

"Mzee, nimekukata?" kinyozi akauliza.

Niliwaza kukupigia simu nikucheke. Kumbe ulikuwa umekwisha kufa.

Tangu jana nangoja kulia. Nimefua mashati. Nimesoma gazeti lote, hadi matangazo ya viwanja. Hakuna kitu kinachokuja, yaya, na sioni nitaketi vipi mbele ya wanao niwafungie kilio ambacho mimi mwenyewe sijakianza. Waliocheza nasi wamekufa au wametawanyika. Nikishuka uwanja wa ndege wa Bangboka, itabidi nishikwe mkono hadi nyumbani kwetu.

Jioni nitampigia Mado wayafunge matanga bila mimi. Atakasirika, na ana haki.

Pumzika, yaya. Mimi mdogo wako sitarudi Kisangani.