Gurudumu Lililozama Kwenye Lami

Jumanne, usiku

Bado siamini kwamba ni Saidi aliyesema vile. Saidi aliyeshuka kaburini kumpokea mume wangu.

Jana mchana, pale uwanja wa ndege, aliiongoza kwa ishara ile ndege kubwa iliyoleta mitambo ya gesi, akaiegesha kwenye lami badala ya zege la ndege nzito. Gurudumu likazama. Leo nikipeleka chai kikaoni nikamsikia akimwambia meneja, "Marehemu Bakari ndiye aliyetufundisha kuegesha pale."

Uongo. Bakari hakuwahi kuweka ndege nzito pale. Siku za jua kali aliibonyeza lami kwa kisigino, kisha akirudi nyumbani Chuno aliniambia, "Leo lami ilikuwa ugali, Mama Zuhura."

Nilimngoja Saidi nje ya ofisi. Hakunitazama.

"Shemeji, nisamehe. Yeye hawawezi kumfukuza kazi. Mimi wananifukuza."

"Na jina lake?"

"Jina halishibishi, shemeji. Nina watoto."

Ninawajua. Wananiita mama mkubwa, na kila Idi wanakula kwangu.

Lakini wao wana baba wa kuwasemea. Bakari ana mimi tu. Kesho asubuhi nakwenda kwa meneja.