Jazi Aliyoninunulia Mjomba

Ijumaa, baada ya isha

Nilimtajia Mjomba jina la mwimbaji, nikamweleza na kanda yenyewe: nyimbo za mapenzi za Kiingereza, alizoimba na bendi ya jazi ya kizamani. Akaenda maduka ya Hamriya, jina akalisahau, akakumbuka jazi tu. Kaniletea muziki wa dansi wa Tabora, walikozaliwa yeye na Mama.

“Hii siyo, Mjomba.”

“Siyo vipi? Si wameandika Jazi hapa? Kwetu jazi ndiyo hii, we mtoto wa Maskati.”

Mama akacheka mpaka akashika mbavu. Wakaiweka kwenye redio, wakacheza hapo hapo sebuleni, yeye na kaka yake. Mimi nikaingia chumbani kwangu, nikafunga mlango.

Mwalimu wa muziki aliniahidi nitaimba peke yangu kwenye sherehe ya shule, lakini kesho, shule ikifunguliwa, lazima nipeleke kanda nimwimbie wimbo niliouchagua. Nisipokuwa nayo, nafasi anapewa Thuraya wa darasani kwetu. Mjomba anajua, nilimwambia. Sasa maduka yamefungwa, naye anapiga mluzi.

Nimekasirika hata chakula sikula. Mtu mzima anawezaje...

Wanairudia tena kanda, na mlango wangu hauzuii kitu. Wimbo wa pili, wa mtu anayemsubiri mchumba wake stesheni, nimeshaushika wote. Unaanza na tarumbeta peke yake, na sauti yangu inaufikia.

Kesho nitauimba huo. Mjomba nitamwambia nikishapewa nafasi, si kabla.