Saa Uliyoitaka, Kaka

Mwanza

Kaka Anakleti,

Shikamoo. Nakupa kwa sababu ulinitangulia tumboni mwa mama, lakini ujue leo naitoa bila furaha. Mimi ni mzima. Mama anaendeleaje na miguu yake? Kahawa mmeshaanika, au mvua bado inawanyima jua?

Barua yako nimeisoma mara mbili. Unasema uliwatangazia watu msibani Ihanda kwamba Deo anavaa saa yenye kalkuleta ndani, na kwamba ni mchoyo, amekataa kukuletea nawe ukatembee nayo Rubwera. Sasa nakueleza, usiniulize tena.

Saa ile haikuwa yangu. Meneja wa kiwanda hiki cha pamba alinivalisha aliponifanya mnyapara. Inajumlisha, inapiga kengele, inahesabu hata sekunde, tena inatunza majina ya watu. Kazi yangu ilikuwa kusimama karibu na choo. Mtu akiingia nabonyeza, akitoka nabonyeza, kisha naingiza dakika zake mbele ya jina lake. Jioni meneja ananishika mkono kama daktari anayepima mapigo, anabonyeza, anasoma. Watu walianza kuniamkia wakiwa mbali. Nikapenda.

Mzee Gasana wa Kamuli unamjua. Ndiye aliyenipokea hapa bandarini nikiwa sina hata shuka, akanilaza chumbani kwake miezi mitatu. Juzijuzi tumbo lilimshika akiwa kazini humu kiwandani, akawa anaingia chooni mara nne, mara tano kwa siku. Ningeweza kuingiza dakika mbili. Nani angejua? Niliingiza kumi na tisa, na kumi na tisa nyingine, kwa kuwa ndizo zilizoonekana kwenye kioo, na mimi nilikuwa mtu wa saa. Ijumaa meneja alijumlisha palepale mkononi mwangu, akamfukuza kazi. Nilipojaribu kumwombea, alinijibu kwamba saa haina mzee wala ndugu.

Mzee hakunitukana. Alikaa juu ya robota la pamba, akaniuliza, "Deo, hiyo saa ilikwambia nilikuwa nafanya nini humo ndani?"

Nikaitazama saa.

"Nilikuwa natoka damu, mwanangu."

Niliivua nikaiweka mezani kwa meneja. Kesho yake asubuhi ilikuwa mkononi mwa mwingine, na mimi sasa nabeba marobota. Mzee nilimpeleka hospitali, akapewa dawa, wakasema akapumzike kwao.

Ndicho unacholilia hicho, kaka. Ukikitaka, panda meli uje. Nafasi ya kusimama mlangoni pa choo haikosi mtu, na wewe ungeiweza kuliko mimi.

Msalimie mama, usimsomee haya. Msalimie shemeji, ambaye najua hakukutuma kuniandikia upuuzi ule. Shangazi yetu wa Ihanda umwambie kwa mdomo wako mwenyewe kwamba ulinisingizia.

Barua hii anakuletea Mzee Gasana. Hajui kusoma, na anadhani saa ile ilikuwa inaandika yenyewe. Mkaribishe, mpe ndizi ale ashibe, kisha umsomee yote kwa sauti, pamoja na pale nilipoingiza kumi na tisa. Nimemsindikiza hadi melini, naimalizia barua hapa, na nimeshindwa kumwambia.

Mdogo wako,
Deo