Chilopoda si Kilo ya Poda

Kadutu, Bukavu
Tarehe 16 Mei 2024

Mpendwa mdogo wangu Déogratias,

Nakusalimu sana, wewe na Francine na nyumba yako yote. Habari za Kamituga? Kile kifua chako kimetulia, au bado kinakuamsha alfajiri? Na Francine, mguu alioutegua kwenye matope ya soko umepona? Sisi huku tuko salama. Mimi goti linaniuma mvua ikinyesha, nawe unaijua mvua ya Bukavu, haiombi ruhusa. Lakini naenda sokoni kila siku, nauza sambaza zangu, visamaki vya ziwa letu, Mungu ananitunza.

Ghislaine ni mzima. Nimeliandika hilo mapema ili mengine uyasome ukiwa umekaa vizuri. Mtoto wako hajapigwa, hajafungwa, hajachomwa. Ninapoandika yuko nyuma ya nyumba anafua, anaimba vibaya kama kawaida yake.

Gracien alipofika na pikipiki yake alinipa ujumbe wako, kwamba umesikia binti yako ameua mtu kwa sumu, na kwamba nimfungie mizigo arudi Kamituga mara moja. Nilijaribu kukupigia, simu zenu huko hazipatikani. Basi nimeona nikuandikie yote, maana uliyosikia yana kichwa na mkia wa kweli, ila katikati wametia yao.

Unajua kwamba mwaka huu anamaliza chuo, na lazima aandike kazi ya kumalizia masomo. Wenzake wamechagua samaki na maji ya ziwa. Wako amechagua tandu. Kila Jumamosi alikuwa anaenda Mudaka au Nyantende kupindua mawe na magogo ya migomba, anarudi na tandu wake kwenye chupa tupu za mayonezi, wamekufa, wamelala kwenye alkoli. Nilimwambia hivi: walio hai wasilale nyumbani kwangu. Hilo tu. Akazipanga kwenye rafu juu ya kitanda chake. Ndani ya kila chupa, kama profesa wao anavyotaka, alitia kikaratasi kilichoandikwa kwa penseli: Chilopoda, na chini yake mahali alipomtoa mdudu.

Sasa nikwambie juu ya Mama Nsimire, maana ndiye wanayesema ameuawa. Ni jirani yetu, mlango wake unatazamana na wetu katika uwanja mmoja. Ni mjane, kwao ni Nyantende, na ana shamba huko. Yeye mwenyewe ndiye aliyemruhusu Ghislaine kupindua mawe ya shamba lake. Wanapendana kama bibi na mjukuu. Kila Jumapili baada ya misa wanakunywa chai pamoja.

Jumapili ile Ghislaine ndiye aliyepika chai. Mama Nsimire alikunywa, akaomba nyingine, akaomba maji, akaomba tena maji. Halafu akaanza kutapika. Alipotaka kusimama akaanguka, akawa anasema maneno yasiyoeleweka, anamwita marehemu mume wake. Mwanawe Hugues na mke wake Fabiola walimbeba hadi barabarani, Fabiola akapanda naye teksi kwenda hospitali. Hugues akarudi uwanjani. Macho yake, ndugu yangu, sikuyapenda.

Unajua mambo ya hapa. Mtu akila kwako kisha akaugua, watu hawaulizi ugonjwa gani, wanauliza nani amempa. Wanalo jina tayari, karuho, ile sumu ambayo kila mtu anaiogopa na mimi sijaona hata mmoja aliyeishika mkononi. Hugues akauliza mbele ya majirani, "Chai alipika nani?" Mtoto mmoja wa uwanjani, anayemwona kama dada yake mkubwa, akajibu, "Yaya Ghislaine. Yule mwenye chupa za wadudu."

Wakaingia chumbani kwake. Mimi nilisimama mlangoni, wakanisukuma kama pazia. Hugues akatoka na chupa mbili, akaziinua juu, akasoma kikaratasi kwa sauti, silabi moja moja. "Chi-lo-po-da. Nyantende." Akarudia, "Nyantende! Kijiji chetu! Ameandika jina la kijiji chetu juu ya sumu yake!"

Watu walijaa, Déogratias. Sijui walitoka wapi wote. Mwanamke mmoja akasema poda inajulikana, ni unga, na sumu ya unga ndiyo mbaya kuliko zote. Nikamwona kijana akiviringisha tairi kuelekea mlango wa uwanja. Unajua tairi la namna hiyo huletwa kumchoma mtu.

Ghislaine alikuwa amesimama karibu na jiwe la kufulia. Hakukimbia. Akasema, "Munisikilize. Ile haisomwe vile. Munasoma *kilopoda*."

Lo! Afadhali angenyamaza. Hugues akaruka. "Mumesikia kwa kinywa yake mwenyewe? Kilo ya poda! Iko na kilo muzima!"

Watu wakapiga kelele. Mimi nilimshika mtoto kwa mkono, nikamweka nyuma yangu, nikajua kabisa kwamba mwili wangu si ukuta wa kutosha.

Mungu alimleta Papa Ezéchiel, shefu wa avenyu yetu, mkuu wa mtaa. Ni mtu wa maneno machache, na anaogopwa kidogo. Akasema, "Kwanza mutu aniambie nini iko ndani ya chupa." Ghislaine akafungua moja, akamimina kwenye beseni langu la bluu. Tandu watatu wakaanguka, wekundu, wakubwa kama kidole changu cha kati. Watu wa mbele wakarudi nyuma. Mwanamke yule wa poda akasema, "Kumbe ni milpati tu?"

Hapa mjini, unakumbuka, tandu na jongoo wote tunawaita milpati kwa Kifaransa chetu. Nikasikia kelele zinapungua, nikapumua. Ndipo Papa Ezéchiel akauliza swali ambalo mimi nisingeuliza.

"Binti, hii mududu iko na sumu, ao haina?"

Alikuwa anaweza kusema haina. Watu walikuwa tayari kuamini. Nilimbana mkono kwa nguvu ili aseme haina. Akanitoa mkono polepole, akasema, "Iko nayo, papa. Siwezi kukudanganya. Ikikuuma, mukono inavimba, unalia. Ni sababu ya ile ndio iliitwa vile." Akachukua kijiti, akamgeuza tandu mmoja mgongo chini. "Ni maneno mbili za Kigiriki. Ya kwanza ni mudomo. Ya pili ni muguu. Uangalie hapa: miguu yake ya mbele iligeuka makucha, inakaa chini ya mudomo, na sumu inapita mule. Chilopoda ni mwenye miguu ya mudomo. Si poda. Si kilo."

Papa Ezéchiel aliinama, akavaa miwani, akaangalia. Wengine wakainama pamoja naye. Lakini Hugues alikuwa amesikia neno moja tu. "Amekubali! Iko na sumu! Aliikamua, akaitia mu chai ya mama!" Na kelele zikarudi, kubwa kuliko mwanzo.

Sikufikiri. Ningefikiri nisingefanya. Niliingia nyumbani kwa Mama Nsimire, nikachukua termosi iliyokuwa bado mezani, na kikombe chake kilekile. Nikatoka navyo. Nikamimina, nikawaonyesha, nikanywa. Nikamimina tena, nikanywa yote mpaka majani. Ghislaine alinyoosha mkono anipokonye, akanielewa, akachukua kikombe naye akanywa.

Watu wakasogea karibu watutazame. Na mimi, badala ya kusema neno la maana, nikasema lililokuwa ulimini. "Jamani, hii si chai, ni miwa! Nani alitia sukari yote hii?"

"Mama Nsimire mwenyewe," Ghislaine akajibu. "Siku hizi anasema chai yangu haina ladha. Anaongeza, anaongeza. Na maji, tantine, anakunywa kama ndoo."

Papa Ezéchiel akamwambia Hugues ampigie mke wake simu, sauti isikike kwa wote. Simu iliita bila kujibiwa. Ikaita tena. Mimi nilikuwa nasikiliza tumbo langu, nakwambia kweli, maana hata ukijua chai ni safi, watu wengi namna ile wakikutazama wakingoja ufe, unaanza kuwasadiki.

Fabiola akajibu. Alikuwa analia, tukadhani mgonjwa amekufa. "Ni sukari!" akasema. "Dokta amepima damu, sukari imepanda sana, alikuwa nayo siku nyingi na hatukujua. Wamemutia maji ya mushipa. Amefungua macho. Anauliza nani amefunga mulango ya nyumba yake."

Papa Ezéchiel akauliza kwenye simu, "Si sumu?" Fabiola akasema, "Sumu gani, papa?"

Watu walitawanyika kimyakimya, kama wanaotoka kanisani kabla ya baraka. Tairi lilibaki pale mlangoni, hakuna aliyekubali kuwa ni lake. Nilikaa chini kwenye udongo na kitenge changu cha misa, nikacheka, nikalia, nikacheka tena. Ghislaine aliokota tandu wake mmoja mmoja, akawarudisha kwenye chupa. Kisha akaosha beseni langu, akalirudisha jikoni.

Mama Nsimire amekwisha kurudi nyumbani. Amekonda, anakunywa chai isiyo na sukari na kuilaani kila asubuhi, lakini yuko. Alipoambiwa yaliyotokea hakumfokea Hugues. Alimwita uwanjani mbele ya majirani walewale, akamkalisha kwenye kigoda, akamwambia Ghislaine, "Mufundishe." Mwanaume mzima na ndevu zake akarudia kama mtoto wa shule ya msingi: herufi ch inasomwa kama k, Chilopoda kwa herufi kubwa ni jina la ukoo mzima wa tandu, wala si la mdudu mmoja, jongoo ni ukoo mwingine, yeye anajikunja na hana makucha ya sumu, na kila pingili ya mwili wa tandu ina jozi moja ya miguu, na za jongoo karibu zote zina jozi mbili. Alipomaliza aliomba msamaha. Ghislaine alimsamehe. Mimi bado naelekea huko.

Neno lenyewe sasa limekuwa la watu wote. Sokoni, mwenzangu wa meza ya jirani akimwona mwanamke wa umbea anakuja, anasema, "Funika sambaza, chilopoda huyo anapita." Nilimwambia Ghislaine, nikidhani atachukia. Alicheka sana, akasema profesa hawezi kukubali matumizi hayo, ila yeye anayakubali. Na hakika, mdogo wangu, mdomo wenye miguu ndio uliofika Kamituga kabla ya barua yangu.

Sitakuficha mengine. Wiki ya kwanza hakutoka nje. Mlango ukigongwa alikuwa anaacha kula. Usiku alikuja kulala kwangu, mtu mzima wa chuo, miguu yake baridi kwenye mgongo wangu. Nilidhani ameacha mambo ya tandu. Nilikuwa hata nimeanza kukubaliana na wewe moyoni, kwamba arudi kwenu. Kisha Jumamosi iliyopita Mama Nsimire akabisha na fimbo yake, akasema anaenda kuangalia shamba na hawezi kupanda kilima peke yake. Ghislaine akamtazama. Akaenda chumbani, akatoka na chupa tupu. Walirudi jioni na matope hadi magotini, na tandu mmoja mrefu sana ambaye wote wawili walitaka nimsifie.

Kwa hiyo mizigo sijafunga. Nilimsomea ujumbe wako, nikamwachia aseme mwenyewe. Alisema, "Mwambie papa nitarudi, lakini nitarudi nikiwa nimemaliza." Atatetea kazi yake mwezi wa saba. Wewe ni baba yake, neno la mwisho ni lako. Lakini mimi nilikuwepo pale, nilimwona akisema kweli mbele ya tairi. Mtoto wa namna hiyo hafichwi nyumbani. Njoo umsikilize siku hiyo, ukae mbele, uvae koti.

Nisalimie Francine, mwambie mtoto wake anakula vizuri. Nisalimie watoto, na Gracien akifika salama na barua hii. Mama Nsimire anakusalimu pia, anasema umezaa vizuri. Mungu aliyesimama nasi katika uwanja ule asimame nanyi huko milimani, awape usingizi mtulivu kama tulio nao sasa.

Ni mimi dada yako mkubwa akupendaye, nisiyechoka kukuombea,

Adolphine

N.B. Ghislaine amesoma juu ya bega langu, anasema baada ya kutetea anataka kuja kwenu kutafuta tandu wa Kamituga kwenye magogo yaliyooza. Basi anza sasa kuwaeleza majirani zako neno hilo na maana yake, polepole, nyumba kwa nyumba, kabla hajashuka kwenye pikipiki na chupa zake. Anza na Francine.