Uso wa Kaka Khởi

Sài Gòn, 9 Machi 1992

Shikamoo Mama,

Hujambo? Mgongo unaendeleaje, na bata? Mimi mzima wa kutisha. Kaa chini kwanza. Mwanao aliyefukuzwa darasa la sita sasa ni staa. Filamu ya kwanza nilianguka kutoka paani, ya pili nikachomwa kisu mapema mno, lakini hii ya mateke mimi ndiye steringi. Mwambie yule mwalimu.

Humo napotea, mama yangu anadhani nimekufa, anaweka picha yangu kwenye madhabahu ya nyumbani na kunifukizia udi. Kisha narudi, nawapiga wote.

Kitindamimba wako,
Út

Sa Đéc, 15 Machi 1992

Mwanangu Út,

Sijambo, bata wamepungua. Nimefurahi, ila picha ya mtu aliye hai haikai nyuma ya udi, hata kwa mchezo. Kaka yako Khởi tangu aende vitani Kambodia hajarudi, na hata yeye sijamfukizia, maana hajaja mtu wa kuniambia alimwona amekufa. Sasa nianze na wewe? Kataa.

Picha yake ile moja tu haimo kwenye kopo la tambuu. Umeichukua?

Mama yako

Sài Gòn, 2 Aprili 1992

Shikamoo Mama,

Natumai u mzima. Nimekutii, na hilo ujue halitokei mara mbili. Nilimwambia mwongozaji mama amekataa. Akaniuliza tangu lini mama yangu anaongoza filamu, na kama sina picha, kuna vijana wengine wanaojua kurusha mateke.

Basi nikatoa ya Kaka Khởi. Ndiyo, niliichukua mimi, niwaringie watu huku kwamba sura hii ni ya ukoo. Tunafanana, hakuna aliyegundua. Sikufikiri, Mama.

Na kuna jambo. Picha ikishafukiziwa hivyo, mtu wa vifaa huichoma kuondoa mkosi. Nilikuwa nabadili nguo. Nilipofika, imeshaungua.

Nijibu, hata kwa matusi.

Mwanao,
Út

Sài Gòn, 20 Julai 1992

Shikamoo Mama,

U mzima? Jirani yako Bi Bảy ameniandikia kwamba wewe na bata wote hamjambo, ila hutaki kunitaja. Filamu imefika huko, nasikia. Usiende.

Nyingine sijapewa. Mwongozaji anasema watu wamechoka na mateke. Mimi nasema wamechoka naye. Nikirudi utanifungulia?

Mwanao,
Út

Sa Đéc, 3 Agosti 1992

Mwanangu Út,

Sijambo. Nilikwenda. Bi Bảy akaninong'oneza, "Mwanao huyo, kwenye madhabahu." Nikamwambia ndiyo, mwanangu. Yule mama wa filamu alimfukizia vizuri, kwa mikono miwili. Kisha mlango ukafunguka, ukaingia wewe, ukumbi mzima ukapiga makofi. Mimi nikawa natazama nyuma yako, kama kuna mwingine anakuja. Mlango ukafungwa.

Siku aliyokufa Khởi hatuijui, basi karamu ya kumkumbuka tutaifanya siku aliyoondoka nyumbani, kama wanavyofanya wenzetu ambao wana wao hawakurudi vitani. Njoo mapema. Picha hatuna, kwa hiyo mchoraji wa sokoni atamchora akikutazama wewe. Kovu la sikioni nimeshamweleza.

Wewe kaa tu mbele yake, Út, na usicheke. Khởi hakuwa mtu wa kuchekacheka.

Mama yako