Marehemu Ni Mimi

Jumatatu, 7 Februari 2011

Amekufa. Moyo. Huko Miami, kwenye kochi, akitazama watu wengine wakicheza. Redio kutwa nzima: Eligio Mota, aliyeitwa Mtambo wa Santa Brígida, mpigaji mkubwa wa besiboli kuliko wote waliowahi kutoka kwenye miwa yetu, ametutoka akiwa na miaka arobaini na tisa.

Uongo juu ya uongo. Alikuwa na hamsini na mbili. Na Eligio Mota ni mimi.

Niandike hapa, maana hapa hakuna wa kunibishia. Yeye ni Nereo, mkubwa. Mimi ni Eligio, mdogo. Mmarekani mmoja alipokuja hapa kiwanda cha sukari kutafuta vijana wa besiboli, alisema waziwazi kwamba aliyepita miaka kumi na minane hamtaki, huyo ni mzee. Nereo alikuwa na ishirini. Mama akatuita jikoni. "Eligio, mpe kaka yako jina. Akipata yeye, tumepata sote." Nilikuwa na kumi na saba. Nikampa jina langu na miaka yangu, nikabaki na vya kwake. Nani anamkatalia mama yake?

Tangu siku hiyo mimi ni Nereo. Hata mke wangu, Mungu amrehemu, alikufa akiniita Nereo.

Kulia sijalia. Nimeziba pancha mpaka jioni.

Jumatano, 9 Februari

Mwili umefika. Mjane naye kafika, Idalina, miwani nyeusi usoni kama kipofu. Gongo lake la kupigia mpira limewekwa juu ya jeneza.

Meya amehutubia. Eti Eligio alizaliwa na gongo mkononi. Alizaliwa na gongo! Gongo lake la kwanza lilikuwa mpini wa ufagio wa Mama, na mpira ulikuwa soksi iliyojazwa matambara. Na nani alikuwa anamrushia? Mimi. Kila jioni nyuma ya mizani ya miwa, mpaka bega linawaka moto. Mpira wa kupinda hakuuweza kabisa, alikuwa anapiga hewa kama mlevi anayefukuza nyuki. Nikamrushia huo huo tu, siku baada ya siku, mpaka akaujua. Baadaye akawa anautoa nje ya viwanja vya Marekani, na magazeti yakaandika kwamba ana macho ya mwewe. Macho ya mwewe, mkono wa Eligio.

Mwaka uliofuata nilikwenda mimi kujaribiwa. Mmarekani yule yule. Hata mpira hakunipa. "Nereo, ishirini na moja? Rudi kwenye miwa, babu."

Babu. Na ndevu zilikuwa hazijaota.

Alhamisi, 10 Februari

Tumezika. Nimesoma jina langu msalabani. Jiwe la marumaru linakuja wiki ijayo, Idalina ameshaliagiza, na jina hilo hilo litachongwa.

Jioni tumeanza sala za siku tisa, nyumbani kwa Mama. Madhabahu ya shuka jeupe, mishumaa, picha yake akizungusha gongo. Doña Fefita ndiye anayeongoza, kama anavyoongoza kila msiba hapa. Akaanza: "Kwa ajili ya roho ya Eligio." Watu wote: "Raha ya milele umjalie, ee Bwana."

Mimi nilikuwa nimeshika sinia la vikombe vya tangawizi. Nusura niwamwagie.

Jumamosi, 12 Februari

Meza ya domino barazani, wanakula mkate na jibini la msiba na kusimulia. Tavito ndiye fundi wao wa kusifu. Ule mpira uliogonga bomba la moshi la kiwanda. Ule mwingine uliotumbukia kwenye gari-moshi la miwa, ukaenda kusagwa na miwa. Kila mwaka bomba linazidi kurefuka.

Kisha akasema, "Ila sikuelewa. Mbona alichakaa mapema? Thelathini na minane tu, magoti kwisha, watu wanamzomea."

Nikasema labda alikuwa amekula chumvi kuliko alivyowaambia.

"Wivu huo, Nereo. Kaka mtu, unamwonea wivu mdogo wako hata kaburini?"

"Cheza, Tavito."

"Amekununulia mashine ya upepo yule. Nzima, mpya."

Kweli. Kwa Mama nyumba yenye roshani, kwangu mashine ya kujazia matairi. Jina zima, miaka mitatu ya ujana, bega la kulia, kwa mashine ya upepo. Nikapiga domino mezani mpaka vikombe vikaruka.

Jumapili, 13 Februari

Mama hali. Uji, hapana. Ndizi za kuponda, hapana. Nikamuuliza unataka kumfuata?

Akanivuta sikio karibu na mdomo. Anamwota kila siku. Amesimama mlangoni na nguo za kukatia miwa, haingii. "Hajaitwa, mwanangu. Sala zote zinakuja kwako. Nereo wangu hajapata hata moja."

Nikamjibu, basi mimi nitaingia mbinguni bila foleni.

Alinizaba kofi. Miaka themanini na kitu, mkono bado upo. Nilistahili, lakini sitamwambia.

Kwamba Mama anajuta! Zaidi ya miaka thelathini nimesubiri ajute kwa ajili yangu. Anajuta kwa ajili ya kaka.

Jumatatu, 14 Februari

Nimeongea na Idalina. Nimesema, siku ya mwisho Doña Fefita ataje Nereo, mara moja tu, Mama apone. Na jiwe liandikwe Mtambo basi, bila jina.

Hakushtuka hata kidogo. Kumbe anajua.

"Nimelala na jina lako tangu siku ya harusi, shemeji. Nalijua kuliko wewe."

Akasema watu wakijua wataanza kumchimba. Mipira yote aliyoitoa nje, mashindano yote, wataweka alama ya swali. Watoto wake wanalitumia jina hilo. Meya anataka kuliandika kwenye uwanja.

"Na wewe ulilifanyia nini hilo jina? Ungelibandika kwenye kibanda cha pancha?"

Nikamwambia atoke mbele yangu. Akabaki amesimama pale pale, miwani usoni.

"Isitoshe, Nereo ni wewe. Fefita akisema roho ya Nereo, watu watakuangalia wewe, umesimama na sinia. Utawachekesha kwenye msiba."

Nyoka. Lakini nyoka aliyesema kweli.

Jumatano, 16 Februari

Jiwe limefika. Jina langu na mwaka wangu. Limechongwa vizuri, hilo ndilo linaloniuma zaidi.

Leo nimekumbuka, sijui kwa nini. Mwaka aliokuja kuichezea timu yetu, alipitia kibandani, ananuka ramu. Uwanja mzima ulikuwa umetoka kuimba Eligio, Eligio. Akaketi juu ya tairi. Akasema, "Mpaka leo wakiita Eligio, ninageuka kukutafuta wewe."

Nikamwambia potelea mbali. Akacheka, akaenda zake. Hatukuongea tena ana kwa ana.

Sikumsamehe wakati ule na simsamehe sasa. Ila natamani nisingelikumbuka.

Ijumaa, 18 Februari

Siku ya tisa. Nipo jikoni, nimekalia ndoo, daftari gotini. Sebule imefurika. Meya yupo, watu wa redio wapo, Tavito kavaa tai.

Doña Fefita ana utaratibu wake: kabla ya kubomoa madhabahu, mwanamume mkubwa wa ukoo anasimama mbele, anamwita marehemu kwa jina lake, kisha mishumaa inazimwa. Ukimwita, anaondoka kwa amani. Usipomwita, anabaki mlangoni. Mkubwa wa ukoo ni mimi. Miaka ya Nereo imenipa kazi hiyo.

Idalina amepita hapa sasa hivi. "Jina moja tu, shemeji. Unalijua."

Nimejaribu kwa sauti ya chini. "Nereo." Mwanamke anayeosha vikombe kageuka, kaniuliza, "Unajiita mwenyewe, kaka?"

Nimejaribu lile jingine. Halikutoka.

Sala zimekwisha. Wananingoja. Nasikia Doña Fefita anauliza yuko wapi mkubwa wa ukoo. Nasikia Mama naye, kiti chake cha mbao kinalia. Anasimama. Ana sauti ya zamani, ile ya kutuita kutoka kwenye miwa.

"Eligio! Njoo umwite kaka yako."

Watu wameangua kilio. Wanadhani anamwita maiti. Doña Fefita anasema mwacheni, uchungu wa mama hauna akili. Wanataka kumketisha. Hataki.

"Eligio!"

Hajaniita hivyo mbele ya watu tangu nikiwa na miaka kumi na saba.

Nimeitika. "Naam, Mama."

Kilio kimekatika. Viatu vya Idalina vinakuja huku jikoni, haraka, na Mama anaita tena. Naweka kalamu chini, naenda.